Sura ya Ndaki

Dutwa, Jumanne

Mimi huyu, fundi picha niliyekula maisha Mwanza na Dar, leo nimekosa hata utani mmoja.

Ndaki, yule jambazi aliyeuawa mnadani, nilipiga picha maiti yake nikaisambaza kwenye kila simu. Nikatamba, "Nani mwingine anayo?"

Leo mama yake kaja studio. "Nasikia unayo picha ya mwanangu. Mimi sina hata moja."

Nikaikata ikabaki sura tu, nikafuta damu kwa kompyuta, nikamchapia. Akaipapasa.

"Walimzika sijafika. Wewe umenioshea mwanangu. Aliyesambaza ile ya damu hana mama?"

Nikamwita mama kwa Kisukuma, "Pole, mayu." Basi.

Mama ninaye, yuko kijijini Ipililo. Picha nimeifuta kwenye simu yangu. Lakini zile zilizo kwenye simu za watu...