Udongo Unaokula Siku

Jumapili, 3 Novemba
Nina miaka sabini na tisa. Nimezika wake wawili. Nimetoka hai kwenye duara, shimo la dhahabu, lililofukia wenzangu kule Geita. Njaa zote za hapa Samuye zimenikuta na kuniacha. Leo nimekamua, nimefungulia ng'ombe, nimekagua kihenge changu cha mahindi. Hakuna kihenge kama hiki Shinyanga nzima. Nilikikandika mwenyewe kwa udongo wa kijivu uliotoka chini kabisa ya duara la mwanangu Masanja. Wachimbaji walikuta ugali pembeni ya udongo ule, bado unafuka moshi, na waliouacha walitoka shimoni tangu masika. Wao walikimbia. Mimi nilielewa. Udongo ule unakula siku. Mahindi yangu bado yananukia shamba. Wadudu dumuzi hakuna.
Ila nyuma pamekwanguliwa. Panya. Nimetega.

Jumanne, 5 Novemba
Panya hakunaswa. Pamekwanguliwa tena. Bonge moja limeanguka, nikalimwagia maji ya ndoo bila kukusudia. Palikuwa na mbegu ya boga pale chini. Ikaota, ikatambaa, ikazaa, boga likaoza. Mimi nimesimama tu na ndoo mkononi. Sikukimbia. Miguu ilikataa.
Kwa hiyo ukiwa mkavu unakula siku. Ukilowa unazitapika zote. Nimefunika kihenge kwa turubai, maana mvua iko karibu. Naogopa kidogo. Kidogo tu.

Alhamisi, 7 Novemba
Kabula, mke wa Masanja, ameniletea uji. Akapiga magoti kama kawaida, kuinuka ikawa kazi. Tumbo. Masanja alimwoa mwezi wa saba, akarudi shimoni baada ya Nanenane. Hili ni tumbo la kuzaa kesho. Mkwe hatazamwi tumbo wala haulizwi. Nikatazama uji. Nilikasirika, nikasema moyoni ametuletea mtoto wa mtu.
Halafu nikaona kucha zake. Zimejaa udongo wa kijivu. Midomo pia.
Wajawazito wote huku wanakula udongo. Asiyeupata sokoni anakwangua ukuta. Na mimi nilikuwa natega panya. Mate nayo ni maji. Uji sikuumaliza.

Ijumaa, 8 Novemba
Nimemwita dada yangu Holo. Ni mkunga, na ulimi wake ni wembe. Nimemweleza, akacheka mpaka akakaa chini. Kisha akaacha kucheka. Akasema najisifu kijiji kizima kwa udongo wangu, halafu mtoto wa watu anaumeza, nami naona haya kufungua mdomo. Nikamwambia baba mkwe hasemi mambo hayo. Akasema basi bomoa kihenge. Nimekataa. Mahindi yangu nitayaweka wapi? Akasema nitazikwa ndani ya kihenge hicho hicho.
Holo ameongea naye. Kabula ameahidi kuacha. Yamekwisha.

Jumapili, 10 Novemba
Hayajaisha. Asubuhi nimemkuta ameingiza mkono chini ya turubai. Anakwangua, anakula, machozi yanamtoka. Kitambaa cha kichwa kimeteleza. Nywele nyeupe. Binti wa juzi tu. Hata duara lilipoporomoka sikuogopa hivi.
Nikamwita kwa jina lake. Sijawahi.
"Kabula, mayu, mama yangu. Udongo huo unakuzeesha."
Hakuinua macho. "Najua, baba. Mikono yangu naiona. Nikiuacha mwili wote unaniwasha kwa hamu."
Nikachukua jembe. Nimebomoa kihenge chote, mahindi yakamwagika chini, kuku wakafurahi. Udongo tumeupakia kwenye mkokoteni wa ng'ombe, mimi na Holo, tukaupeleka kwenye pango la mawe kule mlimani, ambako hakuvuji. Wingu lilikuwa juu yetu njia nzima. Niliogopa tone moja. Niliogopa hata jasho langu. Lilidondoka mara moja tu, kwenye mkono uliojaa udongo, na kucha za mkono huo zimerefuka mpaka zimejikunja.
Ningebomoa juzi. Holo hajasema neno. Bora angesema.

Jumatatu, 11 Novemba
Uchungu umemwanza asubuhi. Barabara ya kwenda zahanati imekatika kwa mvua. Holo yuko ndani naye, mimi niko nje. Nimesali, mimi ambaye kanisani huwa nasinzia. Akilia naogopa. Akinyamaza naogopa zaidi.

Baadaye. Mtoto amelia. Wa kike. Mzima. Ana meno mawili.
Sikuuliza habari za mama yake. Niliogopa jibu. Holo akatoka, akafuta mikono kwenye kanga.
"Yuko hai, kaka. Ila jiandae kumwona."

Jumapili, 24 Novemba
Mvua nzuri. Tumepanda.
Masanja amefika leo kutoka Geita. Kabula alikuwa amekaa uani, ananyonyesha. Masanja akavua kofia, akainama.
"Shikamoo, mama. Baba nimemkuta?"
Kabula akamtazama sana.
"Marahaba," akasema. Kisha akampakatisha mtoto.
Masanja bado amekaa pale. Ameushika mkono wa mke wake, anaugeuza, anautazama.
Asiyeamini amuulize Holo. Alikuwa pembeni anachambua choroko, na hakuinua kichwa.