Kimya cha Benchini

Baní, Jumapili

Dada Nereida,

Mimi mzima, ila siku hizi tumbo langu hutangulia kuingia mlangoni. Cheka tu. Migomba ya mama bado inazaa.

Miaka kumi na tisa unaamini siku ile nilichagua mchezo wa besiboli. Ulipopiga simu uwanjani kwamba mama ananiita, nilikuwa nimerusha raundi tano bila yeyote kupiga mpira wangu akafika kituo. Unajua mwiko wetu: mrushaji wa hivyo hasemeshwi, bahati itamkimbia. Kocha Fermín akawaonya wenzangu, "Atakayemfungulia mdomo, tutakosana!" Nami nikakaa benchini peke yangu kama mfalme, nikidhani kimya kile ni heshima tupu.

Raundi ya tisa, ya mwisho, ikaisha, bado hakuna aliyeupiga mpira wangu akafika kituo. Wakanibeba juujuu. Niliposhushwa, Fermín akaninong'oneza, "Mwanangu, dada yako alipiga simu tangu raundi ya tano, mama anakuita. Kimbia kwenu." Nilikuta umeshamfumba mama macho.

Katika miaka yangu kumi na miwili ya kurusha, watu sokoni wanaukumbuka mchezo huo tu. Wananisimulia, nami nacheka.

Niulize lolote, dada, ila usiniulize kama ningeambiwa ningeondoka.

Mdogo wako,
Eligio