Nilimkubali Alasdair MacRae, Lakini Siye Huyu

Mpendwa mshauri wetu Shangazi Effie,

Naomba msaada wako, na nakuomba usinicheke mpaka ufike mwisho, kwa sababu mimi ni mwanamke wa miaka hamsini na sita, mjane, mpishi wa shule hapa Ardvannich, na kusema kweli sina shida ya maisha, nalala vizuri, nakula vizuri, na kwa mara ya kwanza tangu nimzike marehemu Torquil nina raha, na raha yenyewe ndiyo inayonitia hofu.

Wewe ni mtu wa huku, kwa hiyo unajua kwamba ukisimama mlangoni pa posta ukaita "Alasdair MacRae!" barabara nzima itageuka. Wapo wengi, ila wenye jina kubwa ni watatu. Yupo Alasdair wa Nyimbo, yule aliyechukua medali ya dhahabu kwenye tamasha la nyimbo za Kigaeli, ambaye redio haiwezi kumaliza Jumamosi bila kumpiga. Yupo Alasdair wa Magongo, nahodha wa zamani wa mpira wa magongo aliyetuletea kombe, sasa ni diwani na bado anatembea kama amelibeba. Na yupo Alasdair wa Mbwa, aliyeshinda mashindano ya taifa ya mbwa wa kuchunga kondoo, picha yake imetundikwa pale hotelini, ingawa anayeonekana vizuri kwenye picha hiyo ni mbwa.

Sasa, majira ya kuchipua yaliyopita Alasdair wa Nyimbo alikuja kuimba ukumbini kwetu, na mimi ndiye niliyekuwa na chai na skonzi, akaja mezani akachukua moja, akauma, akaniangalia machoni na kuuliza, "Nani kazipika hizi?" nikasema mimi, akasema, "Basi wimbo wa mwisho ni wako," na kweli alipoufikia aliimba akielekea upande wangu, na Shangazi, najua waimbaji humwambia hivyo kila mwanamke mwenye sinia, mimi si mtoto, lakini ukikaa miaka bila kuimbiwa na mtu akili inakuwa laini kama siagi.

Siku chache baadaye, jioni, upepo unavuma, simu inakoroma kama kawaida yake, napokea nasikia sauti nzito ya kiume inasema, "Ni Alasdair MacRae hapa."

"Alasdair MacRae?" nikauliza.

"Ndiye. Sijui kama… kuna dansi Ijumaa. Nilifikiri, kama huna neno…"

"Sina neno! Nitakuja!" nikasema, mtu wa watu hajamaliza hata sentensi yake, na simu ilipokatika tu nikampigia mdogo wangu Ishbel, nikapiga kelele, "Mwimbaji ananitaka dansi!" na hapo ndipo nilipokosea, kwa sababu Ishbel ni ndugu yangu na nampenda, lakini kumwambia Ishbel jambo ni sawa na kulibandika mlangoni pa kanisa.

Ijumaa ikafika, nimetengeneza nywele, nimenunua gauni la kijani, nimeoka keki ya zabibu kavu, nasikia gari uani, nafungua mlango, na nani anateremka kutoka kwenye Landirova yenye matope hadi madirishani? Alasdair wa Mbwa, amevaa tai, amenyoa ndevu mpaka kidevu kimekuwa chekundu.

"Umependeza," akasema, akiviangalia viatu vyangu.

Shangazi, Mungu anisamehe, nikachungulia nyuma yake kuona kama kuna mwingine garini, na kweli mwingine alikuwepo, lakini alikuwa na mkia.

"Huyo ni Moss," akasema. "Haumi. Tatizo lake ni kwamba anataka kukaa mbele."

Ningeweza kusema kichwa kinaniuma, ningeweza kusema lolote, lakini nikajisikia nikisema, "Mwambie akae nyuma."

"Mwambie wewe. Mimi nikivaa tai hanijui."

Nikacheka, sijui kwa nini, nikachukua koti langu nikapanda.

Anacheza dansi kama mtu anayevuta geti kutoka kwenye tope, wapiga kodiani wenyewe walikuwa wanamhurumia, lakini tulipokaa aliniuliza, "Torquil alikuwa anachezaje?" na hapa kwetu watu hulizunguka jina la Torquil kama shimo la barabarani, hakuna anayelitaja mbele yangu, na huyu kalitaja kama anavyotaja hali ya hewa. Nikamwambia, "Vibaya kuliko wewe," na uso wake ukafunguka, na hatukunyamaza tena mpaka alipokuwa ananirudisha nyumbani.

Tangu siku hiyo mambo yamekwenda yenyewe, amenirekebishia geti, amenifundisha kupiga mluzi, Moss sasa ananitii mimi kuliko yeye, na kiangazi chote tumekaa mlimani kwake tukila supu ya shayiri na kufukuza visubi, na yule wa Nyimbo nikimsikia redioni naendelea kumenya viazi bila kushtuka.

Sasa sikiliza balaa. Siku moja tumekaa pale juu, amerudi kutoka dukani, kuna wageni walimsikia akiitwa jina lake wakamwomba awaimbie. Nikacheka. Yeye hakucheka.

"Maisha yangu yote ni hivi," akaniambia. "Nikitaja jina naona macho ya mtu yanang'aa, halafu ananitazama vizuri, yanazimika. Kuna arusi nilipewa kiti cha mbele, halafu akaja mwanamama akaniomba nihamie nyuma, walidhani ni yule. Nilihama, ningefanyaje?"

"Walikosa adabu," nikasema.

"Walikosea tu. Lakini wewe ulilisikia jina langu kwenye simu ukasema ndiyo kabla sijamaliza. Hakuna mtu aliyewahi kunifanyia hivyo. Hujui siku ile ulinipa nini."

Shangazi, nilimeza kipande kizima cha skonzi bila kukitafuna.

Wiki iliyopita ameniomba tuoane, na "ndiyo" niliyoitoa safari hii ilikuwa yake mwenyewe, hiyo naapa. Arusi ni vuli. Nilipomwambia Ishbel, alirukaruka kwa furaha, kisha akapiga makofi akasema, "Nitaisimulia ile ya simu! Mbele ya watu wote! Watavunjika mbavu!"

"Usithubutu, Ishbel."

"Acha hizo, dada. Ni kichekesho. Hata yeye atacheka."

Nimemwapisha, ameapa, lakini namjua Ishbel akishapata wiski mbili. Na juu ya hayo Alasdair wa Nyimbo ni binamu yake Alasdair wangu, atakuwepo, na ukoo mzima unataka aimbe. Je, nimwambie ukweli na kumnyang'anya kitu kimoja alichokithamini, au ninyamaze na kumwomba Mungu amfunge Ishbel mdomo? Jina la Alasdair unaweza kuliacha lilivyo, wapo wengi, ila tafadhali kwenye gazeti yule mbwa mpe jina jingine.

Ni mimi,
Niliyejibu Kabla ya Kuulizwa

*

Bibie,

Jibu hili nakutumia kwa posta kwanza. Gazetini litaingia ukiniruhusu, kwa sababu mchumba wako ana macho na Alhamisi anasoma gazeti kama sisi wengine. Na mbwa habadilishwi jina: ukiandika Alasdair MacRae hakuna atakayejua ni nani, lakini Moss wilaya nzima inamjua.

Kwanza nikuombe radhi, maana nimecheka kabla ya mwisho. Kupigiwa simu na mtu mmoja ukadhani mwingine si dhambi. Kwetu huku hata mchungaji amewahi kumzika mtu akimsifu kwa matendo ya jirani yake. Hilo nimelisamehe. Kuchungulia nyuma ya mgeni aliyenyoa ndevu kwa ajili yako, hilo sijalisamehe sana. Na kumwambia Ishbel? Una miaka hamsini na sita na umemjua Ishbel karibu yote hiyo. Hapo ulijitakia.

Lakini kosa lako kubwa ni ile skonzi uliyoimeza. Mtu alikufungulia kidonda chake mbele yako, ukakaa kimya. Nakuelewa, ulitaka kumwachia furaha yake. Lakini furaha hiyo umemwachia mikononi mwa mdogo wako na wiski mbili. Fikiria ukumbi umejaa, binamu mwenye medali amekaa mbele, Ishbel amesimama na glasi, na watu wanacheka. Huyo mwanamume atahamishwa kiti tena, safari hii kwenye arusi yake mwenyewe, na wewe ukiwa umeshika mkono wake. Hilo unaweza kulivumilia? Mimi siwezi, na wala si mimi ninayeolewa naye.

Unaniuliza kama utamnyang'anya kitu. Utamnyang'anya, ndiyo, na kitamuuma. Usijidanganye kwamba atacheka, na usimwambie kwamba ni kichekesho. Ila mimi nimeisoma barua yako na kuirudia, na naona kwamba yule mwanamke aliyejibu simu hakuwa anamjua, na yule aliyefungua mlango alimwona kwa macho yake, na matope, na tai, na mbwa, akachukua koti. Hukulazimishwa na mtu. Mwambie na hilo pia, lakini baada ya ukweli, usiliweke mbele kama sukari.

Kwa hiyo fanya hivi. Mwambie wiki hii, mchana, akiwa kazini, mikono yake ikiwa na shughuli, kwa sababu wanaume wa kwetu husikia vizuri zaidi wakiwa wanatazama kitu kingine. Mwambie kwa maneno machache. Usilie kabla yake, maana ukilia itabidi akubembeleze, na siku hiyo si zamu yako kubembelezwa. Kama ataondoka, mwache aondoke, usimfuate mlimani na sufuria. Suala la binamu kuimba muulize yeye anavyotaka, usimwamulie. Halafu nenda kwa Ishbel umwambie kwamba mwenyewe ameshajua, uone uso wake utakavyoporomoka. Na siku ya arusi mpe kazi ya kukata keki, nyingi.

Usingoje Jumamosi, Ishbel akiwa na wiski mkononi.

Effie

*

Mpendwa Shangazi,

Chapisha. Amekubali, na mimi nimekubali, na ninakuandikia nikiwa nimeshaolewa.

Nilimwambia zizini siku ya kunyoa kondoo, kama ulivyosema, maneno machache. Alikuwa amemshika kondoo katikati ya magoti. Hakunitazama. Alimnyoa mpaka mwisho, akamwachia, akasema, "Kumbe," akamvuta mwingine. Nikarudi nyumbani kwa miguu. Siku hiyo hakuja, wala iliyofuata. Nilipika chakula cha shule nikasahau chumvi, watoto wakanizomea.

Siku ya tatu nikamkuta amesimama getini kwangu na Moss, kofia mkononi.

"Nina swali moja," akasema. "Ile siku mto ulipobeba daraja, wewe ukazunguka mlima mzima kwenye mvua, na supu mgongoni, ukanifikia umelowa kama kuku. Siku ile ulikuwa unamtafuta nani?"

"Wewe, mjinga wewe! Kwani nani mwingine anakaa kule juu?"

Akafikiri, Shangazi. Kweli alifikiri, akatazama mlima kama anawapitia majirani mmoja mmoja.

"Hakuna," akasema. "Basi hiyo naichukua. Ile ndiyo ya simu mrudishie mwimbaji."

Akaingia ndani, akala mpaka sufuria ikang'aa. Ila niseme ukweli, wiki ile yote alikuwa akimaliza kula anaaga mapema, na sikumzuia.

Arusini, kabla sahani hazijaondolewa, akasimama. Mtu ambaye hajawahi kuhutubia hata kondoo! Akasema, "Nataka kuwaambia jinsi mke wangu alivyomkubali binamu yangu," akaisimulia yote, na gauni, na keki, na jinsi nilivyochungulia garini, mpaka binamu mwenyewe akawa anafuta machozi kwa kitambaa cha meza. Kisha akamgeukia, "Sasa imba, maana skonzi zake ulizila." Akaimba, na akaimba vizuri, na mume wangu alikaa kiti cha mbele akanishika mkono. Ishbel hajaninunia hivi tangu utotoni. Anasema alikuwa ameiandaa vizuri zaidi.

Kwa kuwa sasa nami nimekuwa Catriona MacRae, na hapa wilayani tumeshakuwa watano, yupo mwalimu, yupo wa zumari, yupo wa benki, na yule mzee wa kanisani, ilibidi watu waniongezee kitu. Jana nimeingia posta, mhudumu akapaza sauti, "Catriona wa Mbwa, una kifurushi!"

Nikaitika.