Nyuma ya Picha ya Rais

Dada Naliaka, habari za huko Nakuru? Hapa Kitale ni mvua na baridi tu. Leo nilikunywa chai na mandazi kwa hoteli moja ya Matisi. Unajua kazi yangu ni kuandika historia ya madikteta, kwa hivyo nikamuuliza mama mwenye hoteli alipeleka wapi picha ya rais aliyetoka. Akashusha fremu ukutani, akaifungua. Nyuma ya rais mpya alikuwa yule wa zamani.

“Si anaweza rudi, bana,” akasema, akipangusa kioo.

Baba hutuambia picha yake ya yule wa zamani aliichoma. Fremu bado iko hapo kwenu sebuleni, ina picha ya harusi yako. Msalimie Baba sana, na usiifungue fremu mpaka nifike.

Wafula