Niliandika "Wastani", Baba

Baba yangu,

Nakuandikia nikiwa Kitengela, mtoto amelala mgongoni, vyombo bado viko kwa karai. Huyu mjukuu hukumwona. Ulienda kabla hajazaliwa, na mimi mpaka leo nikifika nyumbani Ewuaso Kedong huwa nainamisha kichwa pale mlangoni, nikingoja uniwekee mkono kichwani, vile mzee anavyomsalimu mtoto wake.

Niko na kesi. Sikuiba, usishtuke. Ni ya kazi, ile ya afisa wa mifugo huko Kajiado, ambayo wazee wakikuuliza ulikuwa unasema, "Anadungadunga ng'ombe tu." Nafasi ya kupanda cheo ilitokea, akapewa Dennis, mwenzangu ambaye mimi ndiye nilimfundisha kushika sindano bila kupigwa teke. Nikakata rufaa. Wiki iliyopita tukaketi mbele ya tume, na wakili wa ofisi akainua fomu zangu za tathmini, zile tunazojaza kila mwaka kujipa alama kabla bosi hajatia sahihi.

"Huu mwandiko ni wako, madam?"

"Ni wangu."

"Hapa umejipa nini?"

"Wastani."

"Na mwaka uliofuata?"

"Wastani."

"Sasa mkubwa wako angekupandisha kwa nini, kama wewe mwenyewe unajiona wastani?"

Watu wakacheka. Dennis akaangalia viatu vyake. Yeye hujiandikia "bora sana", na simlaumu, aliulizwa akajibu. Lakini bosi alitia sahihi akijua vizuri ni nani alikuwa anaenda bomani ng'ombe wakianza kufa. Hilo ndilo linaniuma. Mwenyekiti akaniuliza kama niko na la kusema. Nikaomba muda. Akaahirisha mpaka Alhamisi. "Uje na jibu, mama."

Ningewaambia nini, baba? Kwamba nimelelewa na wewe? Mgeni anafika anakuuliza ng'ombe wako aje, boma limejaa mpaka ndama wanakosa pa kulala, na wewe unasema, "Ni wachache tu. Tena wamekonda." Siku moja nikadakia mbele ya mgeni, "Lakini baba, si ni wengi!" Mama akanifinya. Baadaye ukaniambia ng'ombe hawahesabiwi kwa mdomo, na mtu hasifu vyake mwenyewe. Nikashika hivyo. Ile fomu iliponiuliza mimi niko aje, nikaijibu vile ulivyokuwa ukimjibu mgeni.

Wiki hii yote nimekukasirikia. Wacha niseme tu. Naosha nepi nimekukasirikia, nampikia mtoto uji nimekukasirikia.

Halafu jana nikinyonyesha nikamkumbuka Nanyokie, yule ng'ombe wako mwekundu aliyepotea, akapatikana kwa boma la mtu mwingine. Mkapelekana kwa chifu, nami nikakufuata. Yule mtu alikuchekelea mbele ya watu wote: "Wewe mzee, kila siku unalia wako wamekonda. Huyu amenona hivi, atakuwaje wako?"

Nilijua utanyamaza. Ukasimama. Ukataja alama ya sikio lake, ukamtaja mama yake na nyanya yake, na vile maziwa yake yanajaza kibuyu hata wakati wa kiangazi. Ukamaliza, "Na hapa kote hakuna ng'ombe mzuri kama huyu!" Chifu mwenyewe aliacha kuandika.

Tukimswaga kurudi nyumbani nikakuuliza, "Baba, leo umejisifu?"

Ukacheka mpaka ukasimama njiani. "Ile ya wageni ni salamu, Nashipai. Hii ni kesi."

Nilikuwa nimesahau kabisa.

Alhamisi jirani atanishikia mtoto. Nitawatajia boma kwa boma nilikochanja ng'ombe, hata kule Kona Baridi ambako hakuna mwingine alitaka kwenda. Wenye ng'ombe wamekubali kuja kusema. Kama nitashinda, sijui. Bosi akitaka anaweza kunihamisha mbali, na huyu bado ananyonya. Naogopa, sitakuficha. Lakini wakili akiniuliza tena kama mimi ni wastani, nitamwambia hapana, mimi kazi yangu naijua na naifanya vizuri. Nimekuwa nikilisema hapa jikoni kwa sauti kubwa, mpaka mtoto anashtuka.

Niwekee mkono kichwani, baba, nimeinama. Alhamisi nitakiinua.

Binti yako,
Nashipai