Alama za X Kwenye Ukuta wa Maktaba

Makandana, Tukuyu
9 Juni, 2024

Mpendwa mdogo wangu Ambilikile,

Ugonile? Prisca na watoto hawajambo? Joto la Kigoma linawaacheni mlale? Huku tu wazima, baridi imeanza na masweta yametoka kabatini. Baba ni mzima na anakula vizuri. Nimemtanguliza makusudi, ili yaliyobaki uyasome ukiwa umetulia.

Najua umenuna. Umepiga simu wiki nzima nami nakujibu kwa ujumbe mfupi, eti mtandao mbovu. Mtandao ulikuwa mzima kabisa, mdogo wangu. Niliogopa ukiisikia sauti yangu utajua kuna jambo, upande basi siku hiyohiyo.

Asubuhi moja natoka sokoni nikakuta watu wamejaa mbele ya maktaba yetu. Ukuta wa mbele umepigwa X kubwa kubwa za rangi nyekundu. Nani katika nchi hii asiyejua maana yake? Ukipigwa X nyekundu, unabomolewa. Hakuna hata aliyeuliza. Mmoja akasema barabara inapanuliwa, mwingine akasema amesikia ni stendi mpya, na kufikia mchana tulikuwa tumeshajua hata siku ya tingatinga kuja.

Wewe maktaba ile ilijengwa ukiwa bado mgongoni kwa mama, kwa hiyo unaiona nyumba tu. Mawe yale meusi watu waliyatoa mtoni kwa kujitolea, wengine wakitokea Lufingo na Mpuguso na mawe kichwani. Baba ndiye aliyejenga kuta. Milango, madirisha na paa ni kazi ya marehemu mzee Mrisho, seremala, rafiki yake wa kufa na kuzikana.

Waligombana kweli juu ya baraza. Mzee Mrisho, ambaye wazee wake walitoka pwani, alisema nyumba isiyo na baraza ni stoo ya mahindi. Baba akamuuliza ni nani atakayekaa nje kwa mvua za Tukuyu. Siku kadhaa hawakusalimiana. Mwishowe baba akajenga baraza la mawe, na mzee Mrisho akalishusha paa la mbele mpaka likalifunika lote, ndiyo maana linaonekana kama kofia iliyovutwa machoni. Madirisha akayafanya marefu ili ukungu ukishuka bado mtu aone kusoma. Mpaka leo wanafunzi wakinyeshewa hukimbilia pale barazani, na wengi husahau kuondoka mvua ikikatika.

Sasa fikiria baba aliposikia inabomolewa. Alisukuma sahani, akageukia ukutani. Kesho yake hivyohivyo, chai mafunda mawili basi. Siku ya tatu akaniambia nikuite uje mapema, usije ukakuta ameshafunikwa. Nililia jikoni, halafu nikakuandikia kwamba mtandao ni mbovu. Nilikuwa najidanganya kwamba nisipokuita, hatakufa.

Mwanaharusi, binti wa mzee Mrisho, ndiye anayeshika funguo za maktaba. Yeye hakulia, alitoa amri. Vitabu vikabebwa na watu kwenda kufichwa majumbani, kwenye matenga ya ndizi na ndoo za maziwa. Hata mimi nina kamusi mbili chini ya kitanda.

Ijumaa akatokea fundi Meshaki, anatoka msibani kwa shangazi yake. Akachungulia ndani, akakuta rafu tupu, akauliza kwa mshangao maktaba imehamia wapi. Mwanaharusi akamwonyesha ukuta. Meshaki akasema X ni zake. Amepewa kazi na halmashauri ya kujaza upya saruji iliyolika katikati ya mawe, na alikuwa ameweka alama ya sehemu mbovu kabla ya kwenda kuzika.

Mwanaharusi akamuuliza kwa nini hakutumia chaki kama mafundi wengine.

“Nilitumia, dada. Mvua ikaifuta mara mbili. Nikaona niweke rangi isiyofutika.”

Tulimsema mpaka akavua kofia. Kisha nikakaa palepale barazani nikacheka na machozi yananitoka. Sijawahi kufurahi hivyo tangu harusi yako.

Vitabu vinarudi, na kituko ni kwamba vinarudi vingi kuliko vilivyotoka. Watu wamepata nafasi ya kurudisha na vile walivyokaa navyo miaka mingi. Mwanaharusi anavipokea bila kuuliza, ila midomo inamcheza.

Baba nilimkuta amelala nikamweleza yote. Akauliza kama kuna ndizi jikoni. Alikula, akaongezwa, akalalamika chumvi imepungua. Ndaga Kyala, asante Mungu, nilisema moyoni, naye na alalamike tu.

Msalimie sana Prisca, na mwambie shangazi Esnath nguo zilifika. Mwanaharusi na mjomba Nsajigwa wanakusalimuni. Mungu awalinde mlipo, awakinge na kila baya.

Baba amekaa hapa pembeni, ananisimamia nikiandika. Nilimuuliza nikuambie nini kuhusu ile safari aliyokuitia. Nayaandika kama alivyoyasema: “Mwambie asifanye halaka. Asubili watoto wafunge shule, aje nao wote. Msiba umeahilishwa.”

Dada yako, ambaye hatakudanganya tena kuhusu mtandao,
Tupokigwe