Pazia la Maulidi

Jumatatu, 5 Mei

Nimefagia ua. Nimekanda unga. Watoto wa madrasa wametupa kandambili mlangoni, nimewafokea wote. Hamisi kapita na mnunuzi wake, wanapima ukuta kwa futi. Hamisi ni mtoto wa marehemu mume wangu kwa mke mkubwa. Nimemlea mimi. Leo anataka nyumba hii ivunjwe lijengwe ghorofa la maduka. Nyumba baba yake aliiweka wakfu kwa madrasa. Haiuzwi, hairithiwi. Mahakama ya kwanza ikasema wakfu haukuthibitika. Tumekata rufaa.

"Shikamoo mama mdogo. Umeshafunga mizigo?"

Nimerudi kwenye unga wangu.

Ijumaa, 9 Mei

Wakili wetu Neema, binti wa Kichaga, kaja na faili. Kanisomea maneno yangu mwenyewe ya kesi ya kwanza. Niliulizwa, ulimwona marehemu akitamka wakfu? Nikajibu, sikumwona. Basi.

Ningemwonaje? Ilikuwa maulidi. Wanaume uani, sisi wanawake ndani nyuma ya pazia, mimi na masinia ya pilau. Nilimsikia. Neno kwa neno. Hakuna aliyeniuliza kama nilisikia.

"Sasa bibi, si ungesema tu?"

Nimemwambia mimi nimelelewa. Najibu ninachoulizwa.

Nina hasira. Sijui namkasirikia nani.

Jumatano, 14 Mei

Siku ya rufaa. Nimevaa buibui jipya. Nimebeba pazia lenyewe, nimelifua, waone unene wake. Bajaji hadi mjini. Majaji watatu. Nimekaa nasubiri kuitwa. Mawakili wameongea, ukurasa huu, ukurasa ule. Wamemaliza. Sijaitwa! Nimesimama na pazia langu. Askari kanisogelea, "Kaa chini, bibi."

Neema anasema kwenye rufaa hawasikilizi mashahidi, wanasoma yaliyoandikwa kule mahakama ya chini. Sasa mimi waliniita ya nini? Anasema hakuna aliyeniita, nilikuja mwenyewe.

Sielewi. Yaani mdomo wangu wa kesi ile ndio unaosikilizwa, huu wa leo haufai. Wasomi wana mambo.

Alhamisi, 26 Juni

Hukumu. Kumbe Hamisi alipotoa ushahidi kesi ya kwanza alijitapa anaijua nyumba kuliko mimi. Akasema siku ile yeye ndiye aliyepokea masinia chini ya pazia, wanawake hawakutoka ndani. Majaji wameuona mstari huo. Wamesema kama nilikuwa nyuma ya pazia, nilipaswa kuulizwa nilisikia nini. Faili lirudi chini, nihojiwe. Nyumba isiguswe mpaka hapo.

Tumeshinda? Neema anasema bado. Tumeshindwa? Anasema hapana. Sasa ni nini? Nimemuuliza mara tatu, kachoka na mimi.

Hamisi nimemkuta kakaa kwenye ngazi.

"Nani alikutuma useme habari za masinia?"

"Si ndivyo ilivyokuwa, mama?"

Ndivyo. Alikuwa na miaka kumi, mikono yote mafuta ya pilau. Nimekumbuka, nikazidi kukasirika. Nimemwambia suruali inachafuka, ainuke.

Jumamosi, 28 Juni

Nimelitundika pazia pale pale. Watoto wanasoma upande wa pili. Mimi huku nachambua mchele. Sijamwona hata mmoja. Nawajua wote. Zuhura anakimbiza aya. Nimemfokea kutoka huku huku.

Karudia, polepole.